Mtafsiri wa Filamu za Mvua

Buffalo, 14 Januari 2024

Papa,

Jambo sana. Natumaini barua hii inakukuta mzima, presha imeshuka na lile goti halikusumbui ukipanda ngazi. Na Mama je? Kikohozi chake nilikisikia kwenye simu Jumapili. Asinidanganye eti ni baridi tu, aende kwa daktari. Mimi niko mzima. Theluji hapa imefika magotini, gari la jirani limefunikwa tangu Alhamisi na mwenyewe hata hajali.

Najua utashangaa, barua ya karatasi kama vile tuko tena kambini. Si wewe uliyelalamika kwamba siku hizi watu hawaandikiani, wanasema alo, alo, halafu wanakata? Bon, nimekusikia, nimenunua stempu.

Kazi nimepata. Ghala nililiacha kule Columbus pamoja na maumivu yake ya mgongo. Sasa namtunza bibi mmoja Amherst, dakika ishirini kwa gari. Anaitwa Mama Aleyamma, ana miaka themanini na miwili, zamani alikuwa nesi, amevunjika nyonga. Binti yake anafundisha chuo kikuu na nyumbani haonekani. Ni mtu wa India, lakini ukimwita Mhindi hivi hivi anakukata jicho. Yeye ni wa Kerala, kusini kabisa, na lugha yao si Kihindi, inaitwa Kimalayalam. Tena ni Mkristo, rozari haimtoki mkononi.

Sasa sikia. Siku yangu ya tatu akawasha televisheni, filamu ya kwao. Papa, ufagio uliniponyoka. Mvua ya kumwaga, migomba, nyumba ya vigae vyekundu, padri anapita na mwavuli, mama mmoja yuko barazani anamenya mihogo! Nikapiga kelele: "Hizi ni filamu za Papa!" Ni zilezile ulizoziita filamu za mvua, ulizokuwa unatafsiri kwenye banda la video pale kambini Nyarugusu, wewe na maikrofoni, Karoli na jenereta yake.

Nikamweleza Mama Aleyamma kwamba papa yangu alikuwa anasema Kiswahili juu ya filamu zao, na watu mia mbili wamebanana kwenye mabenchi wanamsikiliza. Alicheka hadi nikamshika asianguke kitini. Akauliza, "Lugha yetu aliijulia wapi?" Nikamwambia nitakuuliza. Uliijulia wapi, Papa?

Mama ameniambia mtihani wake wa uraia ni tarehe 28 Februari. Anasema akishapata uraia, kitu cha kwanza ni karatasi za kumleta yaya Gaël, kaka yangu mkubwa, na mke wake na mtoto. Nimemwahidi nitamjazia mimi. Miaka kumi na miwili tangu atutoke kambini kwenda machimboni, hata sura yake naanza kuisahau. Akiandika tena, mwambie atume picha na cheti cha kuzaliwa cha mtoto.

Binti yako,
Josiane


Louisville, 30 Januari 2024

Josiane binti yangu,

Barua yako niliisoma mara mbili ndani ya gari kabla sijaingia nyumbani. Tuko salama. Presha inapanda inashuka, tumeshazoeana nayo. Mama yako ulimtia aibu akaenda kwa daktari, amepewa dawa ya maji na anaificha nyuma ya unga wa muhogo akidhani sioni. Wewe jifunike kichwa. Baridi ya huko si ya kuchezea.

Unaniuliza Kimalayalam nilikijulia wapi. Mimi? Hata hilo jina nimelisikia kwako. Karoli alinunua diski mjini Kasulu, juu imeandikwa "India", basi. Tulipoziweka nikaona hizi ni nyingine. Hakuna mrembo anayebadilisha nguo mara kumi kwenye mlima mmoja. Hakuna jamaa wa kupiga majambazi ishirini. Jamaa wa hizi amekosa kazi, anagombana na baba yake kuhusu shamba, mvua inanyesha, na mwisho wake anashindwa kama mimi na wewe. Karoli akasema watu watatoka wote. Nikamwambia acha, hawa ni watu wa kwetu. Mtu anakula muhogo na samaki, Jumapili anavaa nyeupe anaenda misa, halafu anamwacha mama yake barazani anakwenda kutafuta kazi Uarabuni. Kama huyo si mtu wa kwetu Walungu, ni nani?

Donc, basi, nikawahamisha. Kijiji chao nikakiita Walungu, mji wao nikauita Kadutu, na yule Joseph wao nikambatiza Cikuru. Unakumbuka ile karatasi ya boksi iliyobandikwa chini ya televisheni? Ninyi watoto mlidhani inashikilia kioo. Ilikuwa inafunika maandishi ya Kiingereza! Wanafunzi wa sekondari walianza kunibishia mbele za watu: "Mwalimu, hakusema hivyo!" Karoli akakata boksi la sabuni, akabandika, kelele zikaisha. Mimi nilikuwa nafunua na kuyasoma asubuhi, peke yangu. Nusu niliielewa, nusu nikaongeza chumvi. Ndiyo kazi ilivyokuwa. Tena kulikuwa na sheria yetu ya banda: watu wasirudi kwenye mahema yao wakilia, maana ya kuwaliza walikuwa nayo ya kutosha.

Mwombee radhi papa yako kwa huyo bibi.

Kuhusu Gaël, barua ya mwisho ilikuja kabla ya Noeli, kwa njia ya Karoli kama siku zote. Kule machimboni bado hakuna mtandao. Mtoto wake, Yudita mdogo, ameng'oka jino la mbele, mama yako amecheka siku nzima na kumnunulia gauni lingine, la njano. Lakini mambo ya karatasi msiyakimbilie. Serikali ya huku ina mwendo wake. Kwanza mtihani.

Papa yako


Buffalo, 12 Februari 2024

Papa,

Natumaini mko salama. Mimi mwili mzima, moyo ndio umenishika. Ndiyo maana naandika, sipigi simu. Mama anaweka sauti kubwa, na hili si la kusikiwa na yeye.

Ijumaa Mama Aleyamma alinichagulia filamu. Akaniambia, "Hii kaa chini, usifagie." Ni ile ya mama na kaseti, Papa. Ile ambayo hata leo watu wa kambi wakikutana wanaikumbuka. Niliiona bandani nikiwa na miaka kumi na sita, nimekaa sakafuni kwenye miguu ya Mama. Mtoto amekwenda Uarabuni, mama yake hajui kusoma, basi mtoto anamtumia sauti yake kwenye kaseti, na yule mama anaisikiliza barazani, mvua inapiga vigae. Mwisho mwanamume anashuka kwenye basi na sanduku. Wewe ukapaza sauti: "Cikuru amerudi! Jua la Uarabuni limembadilisha, ameota ndevu, lakini ni yeye!" Hapo hapo jenereta ikazimika. Banda zima likalipuka kwa shangwe, Mama yangu akasimama akapiga vigelegele, wanawake wakamkumbatia.

Safari hii hakuna karatasi ya boksi. Nimesoma maandishi mwenyewe, tangu mwanzo.

Yule mtoto anakufa, Papa. Anaanguka kwenye jengo filamu haijafika hata nusu. Wenzake wanaolala chumba kimoja naye wanaogopa kumwambia mama, kwa sababu ya moyo wake. Mmoja anajua kuiga sauti. Basi wanaendelea kutuma kaseti, mwaka baada ya mwaka. Anayeshuka kwenye basi ni yule mwigaji, amekuja kukiri. Yule mama anasikia sauti langoni, anakimbia mvuani na mikono wazi, anakuta uso wa mtu mwingine. Filamu inaisha hapo, kwenye uso wa yule mama. Ulizima dakika moja kabla.

Nilimwambia Mama Aleyamma jinsi ulivyoimaliza wewe. Safari hii hakucheka. Alisema kwao filamu si ya kumfurahisha mtu, ni mambo ya majirani. Vijiji vyao viliishi kwa kazi ya Uarabuni, na nyumba nyingi zilikuwa na mama wa kungoja hivyo. Mdogo wake mwenyewe alifia Kuwait. Alinionyesha picha, maana kwao familia inasimama kulizunguka jeneza na kupigwa picha, mdogo kwa mkubwa, wote wanaangalia kamera. Mwanzoni niliogopa. Halafu nikawaonea wivu.

Usiku... hapana, sitaki kuzunguka. Papa, barua za Gaël zinapita kwa Karoli. Hazina sauti. Hazina picha. Miaka kumi na miwili hajawahi kupanda kilima chochote akapata mtandao wa kusema "Mama" mara moja tu? Nakuuliza, na ninaomba jibu la mzazi, si la mtafsiri: Gaël yuko wapi?

Josiane


Columbus, 16 Machi 2024

Papa,

Mwezi umepita hujajibu. Kwenye simu unaniuliza hali ya hewa. Nimesikia Mama amefaulu, nilimsikia akiimba, na mimi nikaimba naye huku machozi yananitoka. Aliniambia ataapa tarehe 19 Aprili, na Jumatatu yake anakwenda ofisi ya kanisa kupeleka karatasi za Gaël. Ameshaandika jina lake kwa mkono wake, herufi kubwa kubwa. Ananitumia picha ya kila ukurasa.

Nimekuja Columbus kwa Karoli. Nimepanda basi la Morse Road hadi kwenye duka lake la vyakula, Northland. Aliponiona akafurahi, akaniita kwa jina la utoto, akanipa andazi. Nikamwambia, "Baba Karoli, niandikie hapa: Mama mpendwa, sisi tuko salama." Alishika kalamu. Hakuandika. Alikaa juu ya gunia la mchele akalia mbele ya wateja.

Barua za Gaël ni mwandiko wake. Ameniambia wewe unatunga, yeye ananakili, anapiga picha na kukurudishia. Ameniambia nikuulize wewe mengine, yeye kinywa chake kimechoka.

Kwa hiyo jina la kaka yangu najua sasa ni la marehemu. Naandika hii mezani kwake, nikiwa sijui hata tarehe ya kumlilia. Nipe tarehe, Papa.

Josiane


Louisville, 24 Machi 2024

Josiane,

Sina salamu nzuri. Tuko wazima, hivyo tu.

Ilikuwa Jumanne, tarehe 4 Juni 2013. Mfanyabiashara mmoja, Nestori, alitoka Fizi, kule machimboni, akanitafuta shuleni kambini. Aliniita nje, nikajua kabla hajafungua mdomo. Shimo liliwaangukia, Gaël na wengine sita. Hawakutolewa. Walisali juu ya udongo, wakahamia shimo jingine. Nestori alinipa mkanda wa Gaël aliouacha kwenye hema. Ninao hapa Louisville, ndani ya sanduku la vifaa vya gari.

Wiki ile mama yako alikuwa ametoka tu hospitali ya kambi, malaria ilikuwa imempanda kichwani, hata kikombe alishikiwa. Nilijiambia akipata nguvu nitamwambia. Jumamosi tulikuwa tumeshatangaza ile filamu ya kaseti. Asubuhi nikaifunua ile karatasi ya boksi, nikasoma. Josiane, nililia peke yangu mle bandani mpaka Karoli akanikuta, ndipo nikamwambia. Nilitaka kubadilisha diski. Karoli akasema watu wameshapanga foleni. Na mama yako, ambaye wiki mbili hakuweza kusimama, nikamwona anakuja akishikwa na wanawake wawili, anakaa benchi la mbele.

Ile filamu ilikuja kunionya. Mimi nikaifanya somo la kudanganya. Nilipofika pale kwenye basi sikuweza, mwanangu. Ulimi wenyewe ulisema "amerudi". Halafu nikamwona anasimama, anapiga vigelegele, anatembea kwa miguu yake hadi hemani. Siku ile alikula. Kesho yake akaniambia, "Gaël wangu naye atashuka hivyo hivyo." Ningemwambia nini?

Barua ya kwanza ilikuwa ya mistari minne. Nilidhani itakuwa hiyo moja. Lakini alijibu! Alinikalisha niandike maneno yake, na mtu akiandikiwa anangoja jibu. Baadaye akaanza kuuliza kwa nini haoi, basi nikamwoza. Akauliza mbona hakuna mtoto. Tukahamia Amerika, mama yako akawa analia kila siku, hana shoga, hana lugha, na mimi nikamzaa yule mtoto nikampa jina la mama yako. Yudita mdogo alimtoa kitandani. Ukitaka kujua kweli, hata mimi nampenda. Wakati wa mapumziko ya kazi ninakaa na sandwichi yangu ninafikiria safari hii amefanya nini. Anaogopa mbuzi. Anaita mvua "bibi". Najua ni wazimu.

Usimwambie mama yako. Nakuomba kama mtu anayeomba maji. Karatasi nitazichelewesha, nitapata njia.

Papa yako


Buffalo, 2 Aprili 2024

Papa,

Sijui nikuulize afya kwa sauti gani. Natumaini presha iko chini.

Nimeisoma barua yako nimekaa kwenye ngazi za nje. Nimekuonea huruma, sitakuficha. Tena nimekasirika. Umenifanya nimsalimie wifi wa hewani miaka yote hii! Nimemwombea yule mtoto kanisani kwa jina lake.

Umemtafutia Mama furaha, ndiyo, lakini umemnyang'anya matanga. Mtoto wake wa kwanza amekufa na hajamvulia kitambaa cha kichwa, hajakaa chini, hakuna aliyemletea hata sahani ya sombe. Watu wote wanamwita Mama Gaël. Kila siku wanamwita jina la marehemu na yeye anaitika anacheka. Hilo huoni?

Mama Aleyamma aliniambia mama yake alilia siku arobaini kwa ajili ya yule wa Kuwait, baadaye akakunja mikono ya blauzi akarudi shambani. Alipewa cha kulilia. Mama yetu amepewa kungoja, na sasa anakwenda kuapa mbele ya serikali na kuandika kwamba mtoto wake yuko hai.

Huwezi kuchelewesha. Usipomwambia kabla ya Jumatatu ile ya karatasi, nitapanda basi nije nimwambie mimi. Lakini anapaswa kusikia kwako, wewe uliyemwambia amerudi. Zima ile maikrofoni, Papa, useme naye kama mume.

Nakupenda. Sema naye.

Josiane


Louisville, 22 Aprili 2024

Josiane,

Nimemwambia.

Ijumaa aliapa, alishika kibendera, alivaa kitenge cha bluu, watu wa kanisa wakampigia makofi. Jumamosi nilishindwa. Jumapili baada ya ibada tulipofika nyumbani nilimwomba akae, nikaleta ule mkanda, nikauweka mezani. Aliutambua, maana alimnunulia yeye. Nikamwambia tarehe na mahali. Nikamwambia barua zilikuwa zangu.

Alilia, Josiane. Sauti ile sijawahi kuisikia, hata vitani. Majirani wa juu walishuka wakagonga. Mama Kostansia wa kwaya alikuja, wanawake wakajaa, wakatoa viti nje, wakakaa chini naye. Mimi nilikaa jikoni. Hakuna aliyenifukuza, hakuna aliyenitazama.

Hilo nilikuwa nimejitayarishia. Nilijua atanichukia, nikasema sawa. Lakini leo asubuhi aliamka, akanawa uso, akaja jikoni akasimama mbele yangu. Akasema, "Basi tukamchukue mtoto."

Nikasema, mtoto gani.

Akasema, "Yudita. Baba yake amekufa, yule mwanamke yuko peke yake machimboni, kama hajaolewa tena. Mtoto wa Gaël hatalelewa na watu baki na mimi niko hai, niko na karatasi ya Amerika. Nitaandika jina lake badala ya la baba yake." Akaenda kutoa magauni. Ameyapanga kitandani, saba, kila mwaka la kipimo chake.

Nilimwambia barua zilikuwa zangu. Nilidhani amesikia vyote. Alisikia kwamba niliziandika kwa sababu Gaël amekufa. Hakusikia kwamba na mtoto ni wa barua. Nilitaka kumwambia. Naapa nilitaka, lakini nikamshushia sanduku la kutia magauni.

Anakuja kwako. Amesema hawezi kulala nyumba moja na mimi, na kwamba wewe unajua kujaza fomu. Basi lake linafika Buffalo Alhamisi mchana. Analo sanduku moja, ndani ni yale magauni.

Mimi nimeshindwa, mwanangu. Nisaidie.

Papa yako


Buffalo, 6 Mei 2024

Papa,

Mama yuko hapa, ni mzima. Anakula kidogo, dawa anakunywa mbele yangu. Wewe sijui unakula nini, najua hujui kupika hata ugali. Mama Kostansia ameniambia anakuletea chakula na unakiacha mlangoni. Kula.

Nilikukasirikia vibaya sana. Kazi yako uliipakia kwenye basi ukaituma kwangu. Siku nne sikuweza. Mama alikuwa anakuja nami Amherst, anakaa na Mama Aleyamma. Hawana lugha hata moja, lakini walimenya mihogo pamoja na Mama akamwonyesha yale magauni, moja moja, akionyesha kwa mkono urefu wa mtoto. Mama Aleyamma alinitazama juu ya kichwa chake. Alikuwa anajua, nilishamweleza. Tukiwa tunaondoka akanishika mkono akaniambia, "Binti, filamu ile ni dakika moja tu imebaki. Usizime."

Nilimwambia Jumatatu, saa tano ya asubuhi, mezani, fomu iko katikati yetu. Alikuwa ananiuliza tuandike alizaliwa mwezi gani. Nikamwambia, "Mama, hakuzaliwa." Nilisema hivyo tu. Halafu nikarudia yote polepole: hakukuwa na mke, hakukuwa na mtoto, Gaël alikufa hajaoa, jino, mbuzi, ile ya kuita mvua bibi, vyote Papa alitunga akiwa mapumziko ya kazi.

Hakulia. Alikunja ile fomu mara mbili, akaiweka chini ya sahani. Nilimletea maji, hakunywa. Mchana aliomba nimpeleke kanisani, na wakimbizi wenzetu wa hapa walipojua wakaja, wakakaa chini naye siku tatu. Tumemlilia Gaël vizuri, Papa. Tuliimba. Nilimsimulia Mama mambo ya Gaël niliyodhani nimeyasahau. Alilia kama mama anavyolia, na siku ya tatu aliweza kusimama.

Lakini magauni hakuyatoa kitandani kwangu. Jana nikamwuliza, "Mama, tuyapeleke wapi haya?" Akaniambia, "Gaël najua kumlilia, nilimzaa, nilimwogesha. Huyu mtoto nimekuwa bibi yake miaka saba, namna ya kumlilia siijui. Sikumwona hata siku moja."

Nikamwambia hakuna aliyemwona.

Akasema, "Papa yako alimwona. Alikuwa anakaa naye kila siku kazini. Mwambie aje. Aje akae chini hapa aniambie alikuwaje, vyote, hata asivyoviandika, ili nimlilie."

Sikudanganyi, hajakusamehe. Jina lako hajalitaja, anasema papa yako, papa yako. Mimi pia sijui kama nimekusamehe. Lakini tumekutandikia mkeka, na hatutaanza matanga ya Yudita mdogo kabla hujafika.

Basi la Louisville linaondoka saa mbili asubuhi. Vaa koti, huku bado baridi.

Binti yako,
Josiane